Kamera Kabla ya Spana: Kufufua Volkswagen ya Zamani Mjini Kampala

Watengeneza filamu wengi wanaopenda magari ya zamani hufika gereji rangi ikiwa imeshakauka. Wanapiga picha za bampa inayong'aa, wanamhoji mwenye gari, wanakunja vifaa na kuondoka. Kazi yenyewe, ile ya miezi, haionekani kabisa, na fundi hakupata faida yoyote kwa kurekodiwa. Mimi nasimama upande mwingine. Kwenye kufufua gari, kamera itoke kwenye mkoba kabla ya spana namba 13 kutoka kwenye boksi. Picha za kulifungua gari ndizo ramani ya kulifunga, na picha hizo hizo ndizo zitakazobeba filamu ya makala kuanzia mwanzo hadi mwisho.

Mfano wangu hapa ni Volkswagen Beetle yenye injini ya nyuma inayopozwa kwa hewa. Ilitengenezwa kuanzia 1938 hadi 2003, zaidi ya magari milioni 21, kwa hiyo spea nyingi bado zinatengenezwa upya. Tena ni gari lenye jina kwenye barabara zetu: mashindano ya magari ya Safari (Safari Rally) yaliyoanza 1953, yakipita Kenya, Uganda na Tanganyika, yalichukuliwa na Beetle mwaka 1954, 1957 na 1962. Atakayetaka kuingiza historia hiyo kwenye filamu asimsahau Shekhar Mehta, mzaliwa wa Uganda, aliyeshinda 1973 kwa Datsun 240Z, kisha mara nne mfululizo kuanzia 1979 hadi 1982. Na anayetafuta picha za mitaa ya Kampala ya zamani aanzie kwenye hazina ya negativu za UBC, shirika la utangazaji la Uganda. Baadhi zilionyeshwa katika Jumba la Makumbusho la Uganda mwaka 2019. Magari ya wakati ule yanaonekana nyuma ya watu kwenye picha za aina hiyo, na mara nyingine hapo ndipo utaona aina ya kioo cha pembeni au kofia ya gurudumu iliyotumika huku kwetu.

Gari lenyewe hutafutwa humu nchini. Marekebisho ya sheria ya trafiki ya 2018 yalipiga marufuku kuingiza magari yenye umri wa miaka 15 au zaidi, kwa hiyo Beetle inatafutwa nyuma ya nyumba za watu, Jinja, Masaka, Mbale, Entebbe, chini ya mwembe, matairi yamezama ardhini. Kabla ya kutoa hela, linganisha namba ya chesisi na kitabu cha gari. Namba hiyo imegongwa kwenye handaki la katikati, ule mgongo wa chuma unaopita katikati ya sakafu, chini ya siti ya nyuma, na ipo tena kwenye kibati ndani ya buti ya mbele, nyuma ya tairi la akiba. Kwa magari ya 1965 hadi 1969, tarakimu ya tatu ndiyo mwaka: inayoanza na 118 ni ya 1968. Namba ya injini iko kwenye kizimba cha injini, chini ya kiti cha jenereta. Namba mbili za chesisi zisipofanana, hapo pameunganishwa magari mawili, na matatizo ya umiliki yatakufuata mpaka mwisho.

Siku ya kwanza ni ya kamera tu

Usilioshe gari. Mstari wa tope jekundu ndani ya buti unaonyesha maji yalipoingilia, na doa la oili chini ya giaboksi linaonyesha sili iliyokufa. Ukishapiga maji, ushahidi huo umekwenda.

Piga pande zote nne, kamera ikiwa kimo cha kitasa cha mlango. Kisha piga nafasi kati ya mlango na bodi, juu, katikati na chini, rula ya sentimita 15 ikiwa ndani ya picha. Vipimo hivyo utavililia baadaye usipovichukua. Halafu nyaya: kila muunganisho nyuma ya dashibodi, kwenye boksi la fyuzi, koili na jenereta, picha moja ya mbali na moja ya karibu. Volkswagen wana utaratibu wao: waya wa kahawia ni wa kwenda bodi, mwekundu unatoka betri moja kwa moja, mweusi unapata moto ukiwasha swichi. Vichwa vya nyaya vina namba pia, 30 ni betri, 15 ni swichi, 50 ni stata. Lakini gari la miaka hamsini limepita mikononi mwa mafundi kadhaa wa umeme, na rangi za nyaya huenda zilishaacha kusema kweli. Ndiyo maana ya picha.

Vitu vinavyotembea virekodiwe kwa video: pedali, kebo ya klachi, kebo ya mafuta inavyopita ndani ya handaki, nyaya za breki ya mkono. Mwombe fundi aseme kwa sauti anachofungua. Mfungie kipaza sauti kidogo ndani ya kola ya shati, mbali na ovaroli inayosugua. Kiganda kikichanganyika na Kiswahili cha gereji, kiache kama kilivyo, utaweka maandishi chini ya picha. Maneno ya fundi akiwa kazini yana uzito kuliko mahojiano ya kwenye kiti, na baada ya miezi mitano ndiyo yatakayomkumbusha washa ipi ilikaa upande gani.

Kila boliti na nati ziingie mfuko wa plastiki pamoja na karatasi iliyoandikwa kwa penseli. Wino wa kalamu unafutwa na petroli, penseli haifutiki. Namba ya mfuko iwe sawa na namba ya klipu.

Umeme wetu ni wa volti 240 na mizunguko 50 kwa sekunde, kwa hiyo rekodi fremu 25 kwa sekunde na shata ya 1/50. Ukiacha kamera kwenye fremu 30 na shata ya 1/60, taa nyingi za gereji zitaleta mistari inayopanda kwenye picha, na hakuna atakayeiondoa vizuri baadaye. Kamera inayorekodi megabiti 100 kwa sekunde inakula gigabaiti 45 kwa saa. Nunua diski mbili tangu mwanzo, na moja isilale gereji.

Kutu

Hapa ndipo Beetle nyingi hufia, na mwenye haraka huchagua kutoangalia. Tope letu jekundu la marramu hushika ndani ya fenda na kwenye pembe za chesisi, likalowa Machi hadi Mei, kisha Septemba hadi Novemba, na halikauki vizuri katikati. Chukua bisibisi butu na nyundo ndogo. Bati zima hulia, bati lililooza hutoa sauti ya kadibodi.

Anza chini ya siti ya nyuma upande wa kulia, pale betri inapokaa. Asidi hula sakafu kwanza hapo. Fuata mifereji ya hewa ya joto, ile mirija mipana chini ya milango pande zote mbili. Watu huidharau kwa sababu Uganda hakuna anayehitaji hita, lakini ndiyo mihimili inayoshikilia bodi. Ikioza, gari linakunjika katikati na milango inashuka. Angalia kichwa cha chesisi mbele, kisima cha tairi la akiba, vishikio vya bampa ya nyuma, na chini ya milango ambako matundu ya kutolea maji huziba.

Kabla ya kunyanyua bodi kutoka kwenye chesisi, chomelea bomba la mraba la milimita 25 likatize tundu la kila mlango, kutoka kwenye bawaba hadi kwenye kitasa, na jingine mlalo. Kosa hili nimeliona likiharibu kazi nzuri kuliko kosa jingine lolote: bodi iliyonyanyuliwa bila bomba hujikunja milimita chache, mifereji mipya inachomelewa ikiwa imepinda, na mlango haufungi tena maisha. Ukishaweka bomba, tenganisha usukani, mpira wa petroli, kebo ya spidomita, bomba la mafuta ya breki, na nyaya zinazokwenda nyuma. Fungua boliti zote za ukingoni pamoja na zile za chini ya siti ya nyuma na juu ya mhimili wa mbele. Watu sita wananyanyua bodi kwa mikono bila winchi. Simama juu ya kitu na kamera pana. Ni tukio la nusu dakika na halirudiwi.

Sakafu hubadilishwa upande mmoja kwanza, ukamalizika, ndipo mwingine. Ukizikata zote mbili kwa pamoja, handaki la katikati linabaki bila kitu cha kulizuia na linajisokota. Bati la milimita 1.2 linatosha. Mafundi wa Katwe wana mikono ya kukunja chochote, lakini waonyeshe ile migongo iliyobonyezwa kwenye sakafu ya zamani na usikubali bati tupu la bapa: bila migongo hiyo sakafu inapiga ngoma barabarani na baada ya muda inapasuka kwenye mshono. Wala usikubali bati jipya kulazwa juu ya bovu. Maji yatakaa katikati ya mabati mawili na kutu itakula yote, safari hii gizani.

Mashine ya kuchomelea ya waya (MIG), wa milimita 0.6 au 0.8, ndiyo inayofaa. Choma sentimita mbili, ruka uende upande mwingine, rudi bati likipoa. Moto wa gesi hupasha eneo kubwa na kulikunja bati. Kama iliyopo ni ya fimbo tu, tafuta fimbo za milimita 2 au chini na umeme mdogo, kwani za milimita 2.5 hutoboa bati hilo kama karatasi. Kabla ya cheche ya kwanza, toa betri na tanki la petroli, na tanki likae nje ya gereji kabisa. Tena jambo ambalo wengi hawalijui: kizimba cha injini na cha giaboksi ya Beetle ni cha aloi ya magnesi. Ikishika moto, maji huuchochea badala ya kuuzima. Weka ndoo mbili za mchanga mkavu karibu.

Kwa kamera, kuchomelea kunataka nidhamu yake. Kaa mita tatu au zaidi kwa lenzi ndefu, ziba mwanga hadi f/16, na funika lenzi kwa kioo cha kichujio cha bei nafuu, maana cheche huacha vidoa visivyotoka. Usiutazame ule mwanga kwa macho wala kwa kitundu cha kamera yenye kioo cha ndani (DSLR), tumia skrini. Na wakati wa kusugua bati, usibadilishe lenzi ndani ya jengo hilo. Vumbi la chuma likiingia kwenye kamera halitoki kwa kupuliza.

Molasi

Vipande vidogo vya chuma, bawaba, vishikio vya bampa, rimu, sahani za breki, havihitaji kusuguliwa. Tuna viwanda vya sukari Lugazi na Kakira, na molasi huuzwa kama chakula cha ng'ombe. Changanya sehemu moja ya molasi na tisa za maji kwenye pipa la plastiki, zamisha vipande, funika. Baada ya wiki moja hadi tatu kutu imelegea yote na chuma kizima hakijaguswa. Suuza kwa maji mengi, kausha mara moja kwa jua au hewa ya kompresa, paka praima siku hiyo hiyo, la sivyo kutu ya rangi ya chungwa inarudi usiku. Usitie kabureta humo, wala kitu chochote cha alumini, zinki au magnesi, kitaliwa. Pipa linanuka, likae mbali na nyumba.

Ukiweka kamera kurekodi kazi ndefu kwa fremu moja kila sekunde 10, saa nane za kazi zinakupa fremu 2,880, karibu dakika mbili za filamu. Kiasi cha mwanga na rangi vifungwe kwa mkono, vinginevyo kila wingu litapiga picha rangi tofauti.

Injini

Injini inashikwa na boliti nne tu na ina uzito wa takriban kilo mia, jeki nzuri inaitoa chini ndani ya saa moja. Kabla ya kuifungua, shika puli na uivute mbele na nyuma. Krankshafti, shafti kuu ya injini, inatakiwa icheze milimita 0.07 hadi 0.13, na uchezaji huo hurekebishwa kwa shimu tatu, yaani pete nyembamba za chuma, nyuma ya gurudumu la injini. Ukisikia inagonga, beringi kuu imekula kizimba, na kazi hiyo ni ya karakana ya mashine.

Magnesi ni laini. Boliti za kichwa za milimita 10 hukazwa Nm 32 (Nm, nyutoni-mita, ni kipimo cha nguvu ya kukaza), na vinati vya sahani ya oili chini Nm 7 tu. Fundi aliyezoea Toyota huzikaza kwa nguvu za mkono wake na kung'oa uzi. Uzi uliong'oka hurekebishwa kwa kuweka bushi ya chuma, si kwa gundi. Nati kubwa za ekseli ya nyuma, namba 36, ni kinyume chake: zinataka takriban Nm 300. Usipokuwa na spana ya toki, ile inayopima nguvu ya kukaza, inayofika huko, funga bomba la mita moja na uning'inize kilo 30 mwishoni. Pini ya kufungia isipolingana na tundu, sogeza mbele, usirudishe nyuma. Nati hii ikilegea, ngoma ya breki inakula meno ya ekseli na siku moja gurudumu linazunguka peke yake.

Valvu zipimwe injini ikiwa baridi kabisa, asubuhi kabla ya kuiwasha, milimita 0.15. Silinda namba 1 ni ya mbele kulia, 2 nyuma yake, 3 mbele kushoto, 4 nyuma yake, na zinawaka 1-4-3-2. Pointi za distribyuta ziwe 0.40. Mkanda wa feni ukiubonyeza kwa dole gumba ushuke kama milimita 15. Ukilegea, toa shimu moja katikati ya puli na uihamishie nje, usiitupe.

Kinachoua injini hizi kwetu ni mabati ya kupozea yaliyopotea. Kuna mpira unaozunguka injini yote na kutenganisha hewa baridi ya juu na hewa ya moto ya chini. Watu wameutoa, pamoja na mabati ya pembeni, wakidhani injini "itapumua" vizuri. Feni inaanza kuvuta hewa ile ile iliyokwisha kuchomwa. Kwenye injini za zamani silinda namba 3 ndiyo inayoteseka kwanza kwa sababu kipoza oili kimekaa kwenye njia yake ya hewa. Valvu inakatika na kutoboa pistoni. Rudisha kila bati. Kisekka na Ndeeba, sehemu za spea hapa Kampala, zina mabaki yake, na Nairobi kuna zaidi.

Kichujio cha hewa cha oili kijazwe hadi alama, na kwa barabara za vumbi kikaguliwe kila wiki. Kampala iko karibu mita 1,200 juu ya bahari, hewa ni nyepesi kwa takriban sehemu ya kumi, kwa hiyo kabureta iliyopangwa kwa pwani inamwaga petroli nyingi. Plagi zikitoka nyeusi na kavu, shusha jeti kuu namba moja na uzisome tena.

Mipira ya petroli badilisha yote. Wenye maduka watakupa ya milimita 6. Beetle inataka ya 5. Ile pana inahitaji kubanwa kupita kiasi na bado inavuja, juu ya distribyuta inayotoa cheche. Kichujio cha petroli kikae chini ya tanki, kamwe kisining'inie ndani ya chumba cha injini.

Breki sina mengi: mipira yote minne mipya, vijisilinda vipya, ngoma zipimwe kama bado ni mviringo. Tairi likiwa juu, kaza nyota ya kurekebishia breki mpaka gurudumu lishike, kisha legeza meno matatu au manne.

Rangi

Praima ya epoksi kwenye bati tupu siku lilipokwanguliwa, puti juu yake na isizidi milimita 3, msasa 80, 180, 320, praima ya kujaza, 400, kisha 600 na maji. Karibu na ziwa unyevunyevu ni adui. Ukipiga rangi asubuhi au mvua ikinukia, inatoka na ukungu kama maziwa. Subiri mchana mkavu. Rangi yenye hadina, yaani kigumishi, ina isosianati, kemikali ya sumu, na barakoa ya kitambaa haizuii chochote. Anayepuliza avae kinyago chenye hewa inayoletwa kwa bomba, na mpiga picha arekodi kupitia dirishani.

Kuwasha mara ya kwanza

Lita 2.5 za oili, SAE 30 au 20W-50. Toa plagi zote, chomoa waya wa koili, zungusha stata mpaka taa ya oili izime. Rudisha plagi. Kama kamshafti, shafti inayofungua valvu, ni mpya, injini ikishawaka ipandishe hadi mizunguko 2,000 kwa dakika na iache hapo dakika 20 bila kuishusha. Ikiachwa inguruma polepole, kamshafti inakwanguka kabla haijapata hata kilomita moja.

Kwa hiyo wapiga picha hawana nafasi ya kusema "rudia". Kamera mbili ziwe zinarekodi kabla ufunguo haujaguswa, moja usoni kwa fundi, moja kwenye injini. Kipaza sauti kikae mita moja na nusu pembeni ya ekzosi, nje ya njia ya hewa yake, na cha pili mbele ya gari ambako feni haifiki. Pima sauti kwa dB 12 chini ya kilele, maana mlipuko wa kwanza huruka juu. Kabla ya hapo, rekodi dakika moja ya ukimya wa gereji: nyundo za majirani, boda boda njiani, mvua kwenye bati. Utauhitaji kwenye uhariri.

Zima baada ya dakika hizo 20, acha ipoe usiku mzima, pima valvu tena. Ikifika kilomita 500 mwaga oili, fungua chujio la waya chini na ulitazame kwenye jua. Vipande vya rangi ya shaba vinatoka kwenye beringi. Vya fedha vinavyonata kwenye sumaku vinatoka kwenye kamshafti au gia, na hapo injini inafunguliwa tena, kamera ikiwa tayari.